Juliet Berto: mwigizaji aliyekuwa mwandishi

1. Utangulizi

Katika masomo yetu ya fasihi tumezoea kuuliza swali moja mbele ya kila kitabu: nani amekiandika? Jibu liko juu ya jalada. Mbele ya filamu swali hilo huwa gumu zaidi. Filamu ina mwongozaji, ina waigizaji, ina mpiga picha, ina mtu anayeunganisha vipande, na mara nyingi ina mtu aliyeandika senario, yaani maandishi yanayopanga matukio na maneno ya kusemwa. Hata hivyo, tangu miaka ya 1950 wakosoaji wa Ufaransa wamezoea kumhesabu mwongozaji peke yake kuwa mwenye kazi. Husemwa filamu ya Godard, filamu ya Rivette, kama vile sisi tunavyosema riwaya ya Balzac. Wale waliosema maneno yenyewe mbele ya kamera hubaki sura tu.

Makala hii inaeleza kazi ya mwanamke ambaye njia yake inaisumbua desturi hiyo: Juliet Berto, Mfaransa, mwigizaji na mwandishi wa senario, aliyezaliwa mwaka 1947 na kufariki mwaka 1990. Alifanya sehemu kubwa ya kazi yake katika sinema ya majaribio. Kwa neno hilo tunataka kusema filamu ambazo haziridhiki na kusimulia kisa kwa njia ya kawaida, bali zinajaribu picha na sauti ili kuona zinaweza kufanya nini. Filamu za namna hiyo hazijazi kumbi, na kwa hiyo jina la Berto halijulikani sana, hata kwa watu wanaosoma Kifaransa kila siku kama sisi.

Tuna sababu mbili za kumchunguza. Ya kwanza inahusu lugha: kazi yake inatulazimisha kuuliza kama mtu anaweza kuwa mwandishi bila kushika kalamu. Ya pili inatuhusu sisi Wakongomani: katika mojawapo ya nafasi zake za kwanza kubwa, binti huyu wa Grenoble alipewa jina la Lumumba.

Tutafuata ngazi tatu. Kwanza Berto alisema maneno chini ya amri ya mwingine. Halafu alibuni maneno yake mwenyewe katika kazi za watu wengi. Mwishoni aliandika na kuongoza.

2. Kutoka Grenoble hadi Paris

Jina lake la kuzaliwa ni Annie Jamet. Alizaliwa Grenoble, mji wa milimani kusini-mashariki ya Ufaransa, tarehe 16 Januari 1947. Jina la Berto alilipata kwa mume wake, Michel Berto, ambaye naye alikuwa mtu wa tamthilia. Alipokuwa bado msichana alikutana na Jean-Luc Godard, mwongozaji aliyekuwa tayari na sifa kubwa. Mwaka 1967 pekee alionekana katika filamu tatu za Godard.

Katika ya kwanza, Deux ou trois choses que je sais d'elle, yeye ni msichana anayezungumza mkahawani na mume wa mhusika mkuu. Katika ya tatu, Week-end, anaonekana kwa muda mfupi katika ugomvi wa ajali ya barabarani. Nafasi iliyomfanya aonekane zaidi ni ile ya katikati, katika La Chinoise. Filamu hiyo inaonyesha vijana watano waliojifungia katika nyumba moja ya Paris wakati wa likizo, wakisoma mafundisho ya Mao na kupanga mapinduzi. Berto ni Yvonne, binti wa wakulima aliyetoka kijijini. Wenzake wanatoa hotuba, naye mara nyingi ndiye anayeosha vyombo na kupangusa viatu. Godard aliweka hapo swali la kweli: katika nyumba ya wanaotetea wafanyakazi, nani anafanya kazi?

Kuna kipande kimoja kinachoonyesha kipaji cha Berto. Yvonne anaigiza mkulima wa Vietnamu. Ndege ndogo za kuchezea za watoto, mfano wa ndege za Marekani, zinamzunguka kichwani, naye anapaza sauti akimwita kiongozi wa Urusi, Kosygin, amsaidie. Vitu vyote hapo ni vya bandia: ndege ni za plastiki na mkulima ni msichana wa Grenoble. Lakini woga unaonekana usoni mwake, na mtazamaji anaanza kusitasita, hajui acheke au asikitike. Maneno na wazo ni vya Godard. Namna ya kuyabeba ni ya Berto.

3. Patricia Lumumba

Mwishoni mwa mwaka 1967 televisheni ya taifa ya Ufaransa ilimwagiza Godard kazi inayotokana na kitabu cha Jean-Jacques Rousseau juu ya malezi, Émile. Picha zilipigwa kati ya Desemba 1967 na Januari 1968, na filamu ikamalizika baada ya machafuko ya Mei 1968. Jina lake ni Le Gai Savoir, tunaweza kusema Elimu ya furaha. Televisheni iliyoiagiza iliikataa. Ilionyeshwa katika tamasha la Berlin mwaka 1969.

Filamu hii ina wahusika wawili tu wanaohesabiwa. Mmoja anaitwa Émile Rousseau, anayeigizwa na Jean-Pierre Léaud. Wa pili anaitwa Patricia Lumumba, naye ni Juliet Berto. Wanakutana usiku katika studio ya televisheni yenye giza, isiyo na kiti wala ukuta unaoonekana. Wanaamua kujifunza upya, kuanzia sifuri. Mpango wao ni wa miaka mitatu. Mwaka wa kwanza watakusanya picha na sauti. Mwaka wa pili watazichambua na kuzivunjavunja. Mwaka wa tatu watajaribu kutengeneza mifano mipya.

Mwanafunzi wa isimu atatambua mara moja njia hiyo. Ni ile tunayofundishwa: kukusanya data, kuichambua, halafu kujenga kielelezo. Katika sehemu moja ya filamu, mtoto na mzee wanaulizwa: wanapewa neno, nao wajibu kwa neno la kwanza linalowajia. Majibu yao yanaonyesha kwamba neno halikai peke yake kichwani, bali limefungwa na maneno mengine kwa kamba za shule, nyumba, kazi na siasa. Kwa Patricia na Émile, lugha tuliyorithi imekwisha kutufikiria kabla sisi hatujafikiri. Ndiyo maana wanataka kurudi nyuma mpaka kwenye sauti yenyewe.

Sasa tuliangalie jina. Patrice Lumumba aliuawa tarehe 17 Januari 1961 karibu na Élisabethville, mji ambao leo tunauita Lubumbashi. Wakati Berto anasimama katika studio ile ya giza, ilikuwa imepita karibu miaka saba tu. Kwa vijana wa mrengo wa kushoto wa Paris, jina la Lumumba lilikuwa bendera. Godard alilipa umbo la kike na kulitia pembeni ya jina la Rousseau. Rousseau ni Ulaya ya vitabu, na Lumumba ni mataifa yaliyokuwa yanavunja minyororo ya ukoloni. Wawili hao wanakaa sawa kwa sawa, na hakuna anayemfundisha mwenzake kama mwalimu na mwanafunzi. Hiyo ni heshima, na haifai kuidharau. Mwaka 1967 hazikuwa nyingi kazi za Ulaya zilizomweka Mkongomani katika meza moja na mwanafalsafa wao mkubwa.

Lakini msomaji Mkongomani ana haki ya kuuliza swali la pili. Jina limeingia studio. Mwenye jina yuko wapi? Katika nafasi hizo mbili hakuna Mkongomani. Filamu inayosema kwamba tuyachunguze maneno ili kujua nani anayatumia na kwa faida ya nani, yenyewe inatumia jina letu kwa faida ya mazungumzo ya Wafaransa wawili. Heshima na matumizi vimo katika tendo moja. Mtu anayetaka kuchagua kimoja na kukisahau kingine atakuwa amesoma nusu ya filamu.

Na Berto mwenyewe? Yeye hakuchagua jina hilo. Alipewa, kama mtoto anavyopewa jina na mjomba wake. Anachofanya ni kulibeba bila kujifanya Mwafrika: hajipaki rangi, habadili matamshi, hajifanyi mwombolezaji. Anasema kwa sauti yake ya kawaida, anacheka, anauliza, anabisha. Kwa hiyo jina linabaki jina, neno lililowekwa juu ya mtu, na mtazamaji anaendelea kuona umbali uliopo kati ya neno na mtu. Katika filamu juu ya lugha, huo ni uigizaji sahihi. Hata hivyo Berto alikuwa bado katika ngazi ya kwanza: maneno na jina vilitoka kwa mwongozaji.

4. Out 1: kuandika bila karatasi

Ngazi ya pili ilianza mwaka 1970, alipoingia katika kazi ya Jacques Rivette, mwongozaji mwingine wa kizazi cha Godard. Filamu hiyo inaitwa Out 1. Ina vipande vinane, na kuiona yote kunahitaji karibu saa kumi na tatu. Ilionyeshwa kwa ukamilifu mara ya kwanza mjini Le Havre mwaka 1971, halafu watu wachache sana waliiona, mpaka iliporekebishwa na kutolewa tena mwaka 2015.

Jambo linalotuhusu hapa ni namna ilivyotungwa. Rivette hakuwapa waigizaji senario. Pamoja na msaidizi wake Suzanne Schiffman alichora mpango unaoonyesha nani atakutana na nani, na wapi. Kila mwigizaji alitakiwa kujibunia mhusika wake. Maneno yalizaliwa papo hapo, kamera ikiwa inafanya kazi. Wazo la jumla, la kundi la siri la watu kumi na watatu, lilitoka kwa Balzac.

Berto alijibunia Frédérique, msichana maskini anayeishi kwa kudanganya wanaume na kuwaibia pesa. Siku moja anaiba barua katika nyumba ya mtu tajiri. Anazisoma, anaona ndani yake dalili za kundi la siri, naye anajaribu kuziuza kwa wale zinaowahusu. Frédérique anakwenda mahali mbalimbali kwa sura mbalimbali. Kila mara anapokutana na mtu lazima abuni uongo mpya, na uongo huo lazima usimame mpaka apate anachotaka.

Tutazame vizuri jambo hili. Mhusika anabuni uongo papo hapo, na mwigizaji naye anabuni maneno papo hapo. Hatari zao zinalingana: yule akikosa neno atakamatwa, huyu akikosa neno kipande kitakufa. Berto alichagua mhusika ambaye kazi yake ni kutunga. Kwa hiyo hofu anayoionyesha Frédérique anapotafuta sentensi ya kufuata ni hofu ya kweli ya mtu anayetunga mbele ya mashahidi. Katika vitabu vya nadharia tunasoma kwamba usemi ni tendo. Hapa tunaliona likifanyika, pamoja na kigugumizi chake, kurudia kwake na vimya vyake.

Je, hiyo ni kuandika? Anayekataa atasema kwamba kuandika kunahitaji kufikiri kwanza na kusahihisha baadaye. Lakini Berto alifikiri kwanza, maana alimjenga mhusika wake kabla ya kupigwa picha. Kusahihisha nako kulikuwapo, kwa mkono wa wale waliochagua na kuunganisha vipande. Kilichokosekana ni karatasi tu.

Wasomaji wa Lubumbashi hawahitaji kwenda Paris kuelewa jambo hili. Kundi la Mufwankolo, ambalo michezo yake ya Kiswahili ilisikika redioni na kuonekana kwenye televisheni, lilifanya kazi kwa njia iliyo karibu na hiyo. Mwaka 1986 mtafiti Johannes Fabian alifuatana na kundi hilo lilipokuwa linatengeneza mchezo juu ya msemo kwamba mamlaka huliwa yote, naye akatoa kitabu juu yake mwaka 1990. Anaonyesha jinsi wazo lilivyojadiliwa, nafasi zilivyogawanywa, na maneno yalivyokomaa katika mazoezi bila maandishi ya kukariri. Maandishi yalikuja baadaye, kwa sikio la aliyenakili kanda za sauti. Tofauti ipo: Mufwankolo alikuwa na umma mkubwa ambao Rivette hakuwa nao. Lakini swali la mwandishi ni moja. Mchezo ukiwa umetungwa na vinywa kumi, jina gani tuandike juu ya jalada?

5. Céline et Julie: majina yanaingia kwenye orodha

Mwaka 1974 Rivette na waigizaji wake walitoa jibu. Filamu Céline et Julie vont en bateau, yenye saa tatu na zaidi kidogo, ina orodha ya waandishi ambayo si ya kawaida. Senario imetiwa majina ya waigizaji wanne wa kike, Juliet Berto, Dominique Labourier, Bulle Ogier na Marie-France Pisier, pamoja na Eduardo de Gregorio na Rivette mwenyewe. Kwa mara ya kwanza, kile Berto alichokuwa anafanya kilipewa jina lake halali: uandishi.

Kazi iligawanywa. Berto na Labourier walitunga wahusika wawili wakuu na mahusiano yao. Ogier na Pisier walishughulikia kisa kilichomo ndani ya kisa. Kisa hicho cha ndani kilipata msingi wake katika maandiko ya Henry James. De Gregorio alishughulikia mazungumzo.

Hadithi yenyewe ni hii. Julie, mfanyakazi wa maktaba, amekaa katika bustani akisoma kitabu cha uchawi. Céline anapita mbio, akiangusha miwani, halafu kitambaa, na Julie anamkimbilia katika vichochoro vya Montmartre ili amrudishie. Wanakuwa marafiki na wanaanza kukaa pamoja. Céline anafanya kazi ya mazingaombwe katika ukumbi wa starehe, na ni mwongo wa kupindukia. Ananusa nyumba moja ya siri. Kila anayeingia humo anatoka amechoka, hakumbuki lolote, ila ana pipi mdomoni. Wakiinyonya pipi hiyo, picha zinarudi: mjane mwanaume, wanawake wawili wanaotaka kuolewa naye, na mtoto wa kike anayezuia ndoa hiyo, kwa sababu baba alimwahidi marehemu mkewe kwamba hataoa tena mtoto akiwa hai. Kila siku, katika nyumba ile, mambo yaleyale yanarudia, na mtoto anauawa. Céline na Julie wanaamua kuingia pamoja na kumwokoa.

Tuangalie kitu wanachofanya wanawake hawa wawili. Mwanzoni ni wasikilizaji: wanakaa wakitazama kisa cha watu wengine, wakinyonya pipi, kama watu walio ukumbini. Kisha mmoja anaingia katika kisa kwa nafasi ya yaya, lakini anafuata maneno yaliyokwisha kupangwa. Mwishoni wanaingia wote, wanakosea maneno kwa makusudi, wanacheka katikati ya huzuni, wanavunja mpango na kumtoa mtoto. Wamekwisha kuwa watungaji. Ngazi tatu za kazi ya Berto mwenyewe, msikivu, msemaji, mtungaji, zimo ndani ya hadithi aliyosaidia kuiandika.

Jina la filamu nalo linastahili neno moja. Kwa Kiswahili tunaweza kutafsiri: Céline na Julie wanakwenda kwa mashua. Tafsiri hiyo si kosa, kwa sababu mashua inaonekana kweli mwishoni. Lakini Kifaransa kina misemo inayotumia mashua kwa maana ya kumdanganya mtu kwa hadithi ndefu. Sisi tungesema kumzungusha mtu. Kwa hiyo jina linasema pia kwamba Céline na Julie wanakwenda kuzungushwa, au kutuzungusha sisi. Mfasiri anayetaka kuhifadhi maana zote mbili kwa Kiswahili ana kazi ngumu, na zoezi hilo lingefaa darasa letu la tafsiri.

Filamu hiyo ilipendwa kuliko kazi nyingine zote za Berto. Wachunguzi wengi wameona alama zake hata katika filamu ya Marekani Desperately Seeking Susan ya mwaka 1985, ambayo pia inaonyesha wanawake wawili wanaobadilishana maisha. Mwaka 1976 Berto alicheza tena kwa Rivette katika Duelle, safari hii akiwa binti wa Mwezi anayepigana na binti wa Jua.

6. Kutia sahihi: Neige, Cap Canaille, Havre

Mtu aliyekwisha kuonja uandishi hurudi kwa shida kwenye kusema tu. Katika miaka ya 1970 Berto aliendelea kuigiza kwa waongozaji wengine. Alicheza Roma katika Claro ya Mbrazili Glauber Rocha mwaka 1975, na katika Monsieur Klein ya Joseph Losey mwaka 1976. Lakini mwaka 1974 alikuwa amekwisha kuongoza filamu fupi yake mwenyewe, na mwaka 1981 alifika katika ngazi ya tatu kwa filamu ndefu iitwayo Neige.

Aliiongoza pamoja na Jean-Henri Roger, aliyekuwa amefanya kazi na Godard katika kundi lao la sinema ya siasa. Kisa kilitoka kwa Berto, na senario iliandikwa kwa msaada wa Marc Villard. Filamu iliingia katika mashindano ya Cannes mwaka 1981 na kupata tuzo.

Neige inatupeleka Barbès na Pigalle, mitaa ya Paris ambako Waafrika, Waarabu, watu wa Antilles na Wafaransa maskini wanakaa bega kwa bega. Berto anaigiza Anita, mhudumu wa baa. Kijana mmoja anayeuza dawa za kulevya, ambaye Anita alimpenda kama mdogo wake, anauawa na polisi. Anita na marafiki zake, mmojawao akiwa mhubiri anayeigizwa na Robert Liensol wa Guadeloupe, wanahangaika usiku kutafuta dawa kwa ajili ya mtu anayeteseka kwa kuikosa. Hakuna hotuba katika filamu hii. Kuna watu wanaosaidiana vibaya, kwa sababu hawana njia nyingine ya kusaidiana.

Kwa mara nyingine jina linafundisha. Neige maana yake ni theluji, lakini katika lugha ya mitaani ya Kifaransa ni dawa ya kulevya, kwa sababu ya weupe wake. Kiswahili cha pwani kimefanya safari ileile kwa neno unga: mtu akisikia kwamba fulani anauza unga, anauliza kwanza ni unga gani. Lugha mbili ambazo hazina ukoo mmoja zimechukua kitu cheupe cha kawaida na kuficha ndani yake kitu cha hatari. Berto, aliyewahi kusimama katika studio ya giza akijifunza kuvunja maneno, sasa anachagua mwenyewe neno lenye chini mbili na kuliweka juu ya kazi yake.

Tuilinganishe na Le Gai Savoir. Mwaka 1968 Afrika iliingia kwa jina, bila watu. Mwaka 1981, katika filamu aliyoiongoza Berto, watu weusi wanaingia kwa miili na sauti zao, na wana kazi, imani, hasira na mzaha. Sisemi kwamba alikuwa anajibu filamu ile ya zamani. Nasema kwamba aliposhika kalamu mwenyewe, hakuhitaji tena jina kubwa la kusimama mahali pa watu.

Mwaka 1983, tena pamoja na Roger, alitoa Cap Canaille, inayotokea Marseille na pwani yake. Hilo nalo ni jina la mahali pa kweli, mwamba mkubwa juu ya bahari, huku neno canaille likimaanisha watu wahuni. Mwaka 1986 aliongoza peke yake filamu Havre. Alifariki tarehe 10 Januari 1990 kwa saratani ya matiti, siku sita kabla ya kutimiza miaka 43.

7. Kwa nini hajulikani

Sababu ya kwanza ni ya kazi yenyewe. Filamu ya saa kumi na tatu haipiti katika ukumbi wa kawaida, na filamu iliyokataliwa na televisheni haifiki nyumbani kwa watu. Kazi kubwa mbili za mwanzo wake zilifungiwa hivyo kwa miaka mingi.

Sababu ya pili ni maisha mafupi. Miaka mitano tu inatenganisha filamu ndefu ya kwanza na ya mwisho aliyoiongoza.

Sababu ya tatu ni ya lugha, na hiyo inatuhusu sisi. Ni ile desturi ya kusema filamu ya fulani. Hata leo, anayeitaja Céline et Julie kwa kawaida anasema filamu ya Rivette, ingawa waandishi sita wametajwa ndani yake. Kihusishi kidogo, -a, kinafanya kazi ya hakimu: kinampa mmoja mali ya wengi. Hatusemi hivyo kwa nia mbaya, ila kwa kufupisha. Lakini kila kifupisho kinaacha mtu nje, na mara nyingi anayeachwa nje ni yule aliyesema badala ya kuandika, na mara nyingi zaidi ni mwanamke.

8. Hitimisho

Tumeona kwamba Juliet Berto alianza kwa kubeba maneno ya wengine, likiwamo jina tunalolilia sisi. Akaendelea kwa kutunga kwa kinywa, akapata haki ya kutajwa kuwa mwandishi, na akamaliza kwa kuandika na kuongoza. Ngazi hizo hazikuwa kazi tatu tofauti. Kutoka Yvonne mpaka Anita ni mtu yuleyule anayejua kwamba neno linalosemwa lina mwenyewe.

Jambo hili lina matokeo katika kazi zetu za kufunga masomo. Baadhi yetu tunanakili ngano kutoka kwa bibi zetu, mahubiri, michezo ya redio, mazungumzo ya sokoni. Kwenye jalada tunaandika jina letu, na ndani tunaandika kwamba maandishi yamekusanywa kutoka kwa msimulizi fulani, wakati mwingine bila jina, ila umri na kijiji tu. Tukimkubali Berto kuwa mwandishi wa Frédérique, ambaye hakuwahi kuwekwa kwenye karatasi, basi bibi aliyetunga upya ngano yake mbele ya simu yetu usiku mmoja naye ni mwandishi. Akiridhia kutajwa, jina lake liandikwe pale ambapo majina ya waandishi huandikwa.